Kidole cha Mnunuzi: Swali la Kuua katika Jiko la Wakhmer

Darasa la mapishi ya Kikhmer wanalouziwa wasafiri huko Siem Reap, Phnom Penh na Battambang, nchini Kambodia, huchukua nusu siku, na karibu kila mara huanzia sokoni. Mwalimu huwapitisha wanafunzi kati ya mafungu ya mchaichai, manjano mbichi, ndimu zenye ganda la makunyanzi na matita ya majani ya mgomba, akiwaonjesha hiki na kuwanusisha kile, mpaka wafike kwenye safu ya wauza samaki. Wauzaji wengi ni wanawake. Mbele yao kuna mabeseni ya maji machache, na ndani yake kambare na samaki weusi wa jamii ya Channa, wenye vichwa bapa, wanagaagaa wakiwa hai. Mnunuzi hunyoosha kidole. Muuzaji humtoa samaki aliyeonyeshwa, humbana juu ya gogo, humpiga rungu kichwani mara moja au mbili, kisha humparua magamba, humpasua na kumkata vipande. Kazi yote huisha kabla mnunuzi hajamaliza kuhesabu noti zake. Ikifika adhuhuri samaki huyo ameshakuwa amok, chakula cha Wakhmer kinachojulikana zaidi na wageni, na mwanafunzi anakila kwa wali akijisifu kwamba amekipika mwenyewe.

Wasafiri wengi huiona dakika ile ya rungu kuwa jambo la kupiga picha, au la kugeuzia uso pembeni. Kwa Wakhmer ni suala la dini, tena la kale. Katiba ya Kambodia ya mwaka 1993 inautaja Ubuddha kuwa dini ya taifa, na zaidi ya watu tisa katika kila kumi wanafuata mapokeo ya Theravada, yale yale ya Sri Lanka, Myanmar, Thailand na Laos. (Hekalu la Upanga, Dar es Salaam, lililoanzishwa na Wasinhala mwanzoni mwa karne ya 20, ni la mapokeo hayo pia.) Muumini wa kawaida hujitwika masharti matano, na la kwanza ni kujiepusha na kuua kiumbe chenye uhai. Sharti hilo halibagui: linamhusu binadamu, ng'ombe, kuku, samaki, hata mbu. Papo hapo, zaidi ya nusu ya protini ya wanyama wanayokula Wakambodia hutoka kwa samaki. Watu waliojitwika sharti la kutoua wamewezaje kujenga jiko lao juu ya samaki, na kifo chake kinaandikwa kwa nani?

Kwanza ieleweke sharti lenyewe ni la namna gani, kwa sababu msomaji aliyelelewa katika Uislamu au Ukristo huenda akalisoma kama amri ya Mungu. Katika Theravada hakuna mtunga sheria aliyeketi juu anayekataza, anayehukumu na anayesamehe. Anayetamka masharti matano mbele ya mtawa anaahidi kujizoesha mwenendo fulani. Akiukiuka, haadhibiwi na yeyote. Tendo lenyewe huzaa matunda yake, katika maisha haya au yajayo, jinsi mbegu inavyozaa bila kuulizwa. Hiyo ndiyo karma. Faida yake ni kwamba haina upendeleo. Ugumu wake ni kwamba haina msamaha pia, kwani hakuna wa kuombwa toba. Kwa hiyo kuainisha tendo kwa usahihi, kujua ni lipi hasa limehesabika kuwa kuua na ni nani hasa amelitenda, ni jambo zito kwa muumini kuliko linavyoonekana kwa mgeni.

Kazi ya kuainisha ilifanywa na wafafanuzi, na mkubwa wao ni Buddhaghosa, mwanachuoni aliyeandika huko Anuradhapura, Sri Lanka, katika karne ya 5. Kwa ufafanuzi wake, kuua hukamilika yanapotimia mambo matano: kuwepo kiumbe hai, mtu kujua kwamba kina uhai, kuwa na nia ya kukiua, kufanya juhudi, na kiumbe kufa kwa juhudi hiyo. Likikosekana moja, tendo halikutimia. Aliyemkanyaga siafu gizani hakuua kwa maana ya sharti, kwa sababu hakujua wala hakukusudia. Aliyenunua samaki ambaye tayari alikuwa amekufa hakuua pia, maana hapakuwa na kiumbe hai mbele yake. Uzito umewekwa kwenye nia, na Buddha mwenyewe, kwa mujibu wa maandiko ya Kipali, aliitambulisha karma kuwa ndiyo nia. Msomaji Mwislamu hatapata shida hapo. Fikra kwamba matendo hupimwa kwa nia anaifahamu vizuri.

Lakini wafafanuzi hao hao waliorodhesha njia sita za kuua, na ya pili yake inamgusa mwanafunzi wa mapishi moja kwa moja. Ya kwanza ni kuua kwa mkono. Ya pili ni kuua kwa kuamuru. Zinafuata kurusha silaha, kuweka mtego wa kudumu, uchawi na nguvu za ajabu. Anayeamuru na kutiiwa ameua, ingawa mikono yake ni mikavu. Je, kunyoosha kidole juu ya beseni si kuamuru? Samaki alikuwa hai. Mnunuzi alijua yu hai. Alitaka apate nyama yake, na alijua nyama haipatikani bila rungu. Kidole ndiyo juhudi, na samaki akafa. Mambo yote matano yametimia, na muuzaji amekuwa mkono wa pili wa mnunuzi. Ndiyo sababu waumini wengi wacha Mungu, tuseme hivyo kwa kukosa neno zuri zaidi, katika nchi za Theravada hupendelea samaki aliyekwisha kulala barafuni, japo si mbichi kama yule wa kwenye beseni. Wananunua nyama, hawaagizi kifo. Mpaka wenyewe ni mwembamba mno, lakini kwenye mizani ya fundisho hili samaki wawili wanaofanana kwa kila kitu hutofautiana kabisa, kutegemea kama kidole kilitangulia rungu au kilikuja nyuma yake.

Kwa watawa upo mpaka mwingine. Mtawa wa Theravada hapiki, hahifadhi chakula cha kesho, na hali chochote kigumu baada ya adhuhuri. Asubuhi hupita nyumba kwa nyumba na bakuli, kimya, akipokea anachopewa. Buddha aliruhusu watawa wale nyama na samaki kwa sharti la usafi wa namna tatu: mtawa asiwe ameona, asiwe amesikia, wala asishuku kwamba mnyama huyo aliuawa kwa ajili yake. Nyama za aina kumi zilikatazwa kabisa, zikiwemo za binadamu, tembo, farasi, mbwa, nyoka na simba. Habari ya kuvutia zaidi ni ya Devadatta, binamu yake Buddha, aliyedai watawa wote walazimishwe kufuata mambo matano makali, na mojawapo lilikuwa kutokula samaki wala nyama maisha yao yote. Buddha alikataa kulifanya sharti la wote. Anayetaka ajizuie, asiyetaka ale anachopewa. Kukataa huko hakukutokana na ulegevu. Mtawa anayechagua chakula amekuwa mnunuzi tena, amerudi sokoni kwa mlango wa nyuma. Na maskini mwenye kipande cha samaki kilichobaki jikoni asingekuwa na cha kutoa.

Matawi mengine ya Ubuddha hayakuridhika na hoja hiyo. Maandiko ya Mahayana kama Lankavatara Sutra yanakataza nyama waziwazi, na watawa wa Uchina mpaka leo hula mboga tu. Huenda ndiyo sababu Zhou Daguan, mjumbe wa Kichina aliyeishi Angkor, mji mkuu wa Wakhmer wa wakati huo, mwaka 1296 na 1297, aliandika kwamba watawa wa Kikhmer hula samaki na nyama, wakiepuka pombe tu, na kwamba hata mbele ya sanamu ya Buddha vitoweo hivyo hutolewa sadaka. Aliandika pia kwamba mahekalu hayakuwa na jiko: mlo wao mmoja wa siku ulipikwa majumbani mwa watoa sadaka. Zamani kidogo kabla yake, kuta za hekalu la Bayon zilikuwa zimechongwa picha za jiko la karamu, na mpaka leo mtalii anaweza kuwaona wapishi wa mawe wakimtumbukiza nguruwe mzima katika chungu. Bayon ilijengwa na Jayavarman VII, mfalme wa Kibuddha, tena wa tawi la Mahayana. Jiko na hekalu vimeishi nyumba moja Kambodia kwa karne nyingi, na havijawahi kukubaliana sawasawa.

Turudi darasani. Wakitoka sokoni wanafunzi huvaa aproni, na kila mmoja hupewa kinu chake. Kazi ya kwanza ni kroeung, mchanganyiko wa viungo ulio msingi wa mapishi ya Kikhmer: mchaichai uliokatwa vipande vyembamba, mzizi wa galanga wa jamii ya tangawizi, manjano, majani na ganda la ndimu ya makunyanzi, vitunguu saumu na vitunguu vidogo vyekundu. Mchaichai una nyuzi kaidi, na mwanafunzi asiyeukata mwembamba kwanza atatwanga mpaka mkono ufe ganzi asipate rojo. Mwalimu husikiliza sauti ya mchi zaidi ya kutazama. Ikilainika, viungo viko tayari. Kroeung huchanganywa na tui zito, yai, sukari ya mvumo, mchuzi wa samaki na kijiko cha prahok. Vipande vya samaki hutumbukizwa humo, mchanganyiko ukamiminwa kwenye vikombe vya majani ya mgomba vilivyotandikwa majani ya mnoni, halafu vikapikwa kwa mvuke hadi viwe laini kama faluda nzito. Mpwani wa Lamu au Tanga asingehitaji kufundishwa kutofautisha tui la kwanza na la pili. Hapo angempita mwalimu.

Kile kijiko cha prahok ndicho kinacholipanua swali. Prahok ni samaki waliosindikwa kwa chumvi na kuchachushwa, na harufu yake huwafukuza wageni wengi kabla hawajaonja. Kila mwaka maji ya mvua yakijaa katika mto Mekong, mto Tonle Sap hugeuka na kurudi nyuma kulijaza ziwa la jina hilo, ambalo hutanuka kutoka takriban kilomita za mraba 2,500 hadi kufikia 15,000 hivi. Samaki huzaana na kukua katika misitu iliyofurika. Maji yakianza kurudi Mekong, samaki hurudi nayo, na wavuvi huwasubiri kwa nyavu kubwa za mfuko zilizofungwa mahali pamoja katikati ya mto. Msimu hupamba moto siku za kuelekea mwezi mpevu wa Januari. Wakulima wa mpunga huja kutoka mikoa ya mbali kununua samaki wadogo kwa magunia, wakawakata vichwa, wakawakanyaga kwa miguu kuwatoa mafuta, wakawatia chumvi, wakawaanika na kuwashindilia kwenye mitungi. Mtungi mmoja huilisha familia mwaka mzima. Mtungi huo huo una samaki wasiohesabika.

Hapa ndipo hesabu inapotatiza. Kama uhai ni uhai, basi kijiko kimoja cha prahok kina vifo vingi kuliko ng'ombe mzima. Watibeti wanajulikana kwa kufuata hesabu hiyo hadi mwisho: bora kuchinja yak mmoja, mnyama mkubwa wa jamii ya ng'ombe, alishe familia msimu mzima kuliko kula samaki, ambaye kwa mlo mmoja hufa wengi. Buddhaghosa alipima kinyume chao. Kwake, kuua mnyama mkubwa ni kosa zito zaidi, kwa kuwa kunadai juhudi kubwa zaidi, na juhudi ni nia iliyonyooshwa kwa muda mrefu. Anayemuua fahali lazima akusudie tena na tena. Anayefagia dagaa kwa wavu hukusudia mara moja. Watibeti wanahesabu waliokufa, Buddhaghosa anapima moyo wa aliyeua. Jiko la Wakhmer, bila kuandika kitabu, limekuwa upande wa Buddhaghosa: samaki ni chakula cha kila siku, ng'ombe ni wa nadra. Bila shaka jiografia imesaidia hoja hiyo kuliko teolojia. Mtu anayeishi kando ya mojawapo ya maziwa yenye samaki wengi zaidi duniani atapata sababu ya kumla samaki, na anayeishi kwenye nyanda za juu zenye baridi atapata sababu ya kumla yak.

Kuna jambo ambalo hesabu zote mbili zinaliruka, nalo ni mvuvi mwenyewe. Mtawa amelindwa na usafi wa namna tatu. Mnunuzi mwenye busara analindwa na barafu. Mvuvi hana pa kujificha. Ule wavu wa mfuko uliofungwa mtoni ni mtego wa kudumu, njia ya nne katika orodha ya wafafanuzi, na kila samaki anayeingia humo huandikwa kwa jina la aliyeutega. Maandiko yanazitaja pia biashara tano ambazo mfuasi asizifanye: silaha, viumbe hai, nyama, vileo na sumu. Kwa maneno mengine, jamii inahitaji kazi ya mchinjaji na mvuvi kila siku, inakula matunda yake kila siku, kisha inamwambia anayeifanya kwamba hatima yake ya baadaye ni mbaya. Mara nyingi huyo ni maskini ambaye hakuchagua ziwa wala wavu.

Njia mojawapo Wakambodia waliyoitumia kupunguza mgongano huu ni kugawana kazi na jirani wa dini nyingine. Wacham, Waislamu ambao asili yao ni ufalme wa Champa katika Vietnam ya leo, wamekuwa kwa muda mrefu wavuvi na wafanyabiashara wa ng'ombe, na uchinjaji wa ng'ombe umekuwa kwa kiasi kikubwa mikononi mwao. Kwa Mcham tatizo halipo. Mnyama ameruhusiwa na Mwenyezi Mungu, anachinjwa kwa jina Lake, na samaki hahitaji hata kuchinjwa. Kisu chake hakina deni. Mbuddha ananunua nyama iliyokwisha kufa, kwa hiyo kisu chake pia hakina deni. Kila mmoja anatoka sokoni akiwa safi kwa mizani yake.

Mizani ya Mbuddha, hata hivyo, haikuwekwa kwa ajili ya Wabuddha peke yao. Karma, kwa fundisho lao, ni kanuni ya ulimwengu. Haiulizi mtu anasali wapi. Kwa hiyo Mbuddha anayeliamini fundisho lake anapaswa kuamini kwamba jirani yake Mcham anajiumiza kwa kila ng'ombe anayemchinja, na bado anafurahi kumpata jirani huyo. Kumwachia mwingine tendo unaloamini litamdhuru, kwa sababu tu yeye haamini hivyo, ni utetezi dhaifu. Fundisho la nia ni zuri sana likitumiwa kumchunguza mtu moyo wake mwenyewe. Likitumiwa kupanga soko, humlinda mwenye fedha na kumwacha uchi mwenye kisu. Huo ndio upungufu wake mkubwa, na wafafanuzi wa kale, waliowaandikia zaidi watawa, hawakuushughulikia vya kutosha.

Waumini wa kawaida wameushughulikia kwa njia nyingine: kwa thawabu. Anayeua kwa lazima ya riziki hutoa sadaka, na anayetoa zaidi hutumaini kheri zitazidi shari. Jambo hili hufika kilele katika Pchum Ben, siku 15 za mwezi unaofifia, kati ya Septemba na Oktoba, ambapo roho za marehemu waliotenda mabaya huaminika kuachiwa watafute chakula kwa jamaa zao. Roho hizo zina njaa isiyoisha, kwa kuwa vinywa vyao ni vyembamba kama tundu la sindano. Kabla ya mapambazuko watu huzunguka hekalu wakirusha gizani matonge ya wali wa kunata uliochanganywa na ufuta, maana roho hizo huogopa mwanga. Asubuhi familia hupeleka vyakula kwa watawa, na wengi hujitahidi kufika kwenye pagoda saba. Chakula maarufu cha sikukuu hiyo ni nom ansom, wali wa kunata uliofungwa kwenye majani ya mgomba pamoja na choroko na nyama ya nguruwe. Nguruwe huchinjwa kwa wingi kuelekea siku hizo. Sadaka ya kuwaokoa waliotenda mabaya, wakiwemo waliochinja, inabeba ndani yake uchinjaji mpya.

Mgongano kama huo uko kwenye ukingo wa mto mbele ya kasri la mfalme huko Phnom Penh, ambako wachuuzi huuza ndege wadogo ndani ya vizimba ili mnunuzi awaachie huru apate thawabu. Ndege hao walinaswa porini kwa ajili ya kuachiwa. Mafundisho hayasemi kwamba thawabu inafuta karma mbaya. Kila tendo huzaa lake. Kinachotumainiwa ni kwamba mema mengi yatakuja mbele, na mabaya yachelewe au yapungue makali. Watu wanaoishi kwa wavu na jembe hawawezi kudai zaidi ya hapo, na haifai kuwacheka.

Kipindi kimoja kilivunja mpangilio huu wote. Kati ya 1975 na 1979, chini ya utawala wa kikomunisti wa Khmer Rouge, Ubuddha ulipigwa marufuku, watawa walivuliwa majoho, pagoda zikageuzwa maghala na magereza, na Wacham wakauawa kwa wingi; mwaka 2018 mahakama maalumu ya Phnom Penh ilimtia hatiani Nuon Chea, mmoja wa viongozi wakuu wa utawala huo, kwa mauaji ya kimbari dhidi yao. Jiko la nyumbani lilifutwa pia. Watu walilazimishwa kula katika mabwalo ya pamoja, mara nyingi uji mwepesi wenye punje chache za wali, na aliyevua samaki au kuchuma tunda kwa ajili yake mwenyewe alihesabiwa mwizi wa mali ya umma na angeweza kuuawa. Watu kati ya milioni 1.5 na 2 walikufa kwa njaa, maradhi, kazi ngumu na kuuawa. Nchi ambayo wazee wake walijadiliana kuhusu kifo cha samaki ilishuhudia binadamu wakipigwa marungu. Waliosalia walikula kaa, panya na wadudu kwa siri, na hakuna mtawa aliyekuwepo wa kuwaambia kama sharti la kwanza lilikuwa bado na nguvu. Mwaka 1979 watawa wachache walitawazwa upya, na mapishi nayo yakafufuliwa kutoka vichwani mwa wanawake waliobaki hai. Baadhi ya yanayofundishwa leo katika madarasa ya watalii yalipita katika tundu hilo jembamba.

Je, swali la kidole linamhusu msafiri asiye Mbuddha? Kwa fundisho lenyewe, ndiyo, kwa sababu hiyo hiyo linavyomhusu Mcham. Kwa imani ya msafiri huenda lisimhusu kabisa: Mwislamu ana ruhusa, Mkristo ana ruhusa, na asiye na dini ana mazoea. Hata hivyo darasa la mapishi limemweka mahali ambapo mlaji wa mjini hafiki siku zote. Kwa kawaida yeye hufika mwisho kabisa wa mnyororo, ambako nyama haina uso. Hapa amewekwa mwanzo, akaambiwa achague. Baadhi ya walimu, kwa kujua hilo au kwa kuwaonea huruma wateja, hununua samaki alfajiri kabla wageni hawajaamka, na mwanafunzi hukutana na minofu myeupe juu ya sahani. Ni utaratibu safi na wa haraka, lakini darasa la namna hiyo limepunguza somo. Linafundisha kroeung na tui, na kuacha nje sehemu ambayo Wakhmer wameifikiria kwa zaidi ya miaka 700.

Kwa upande mwingine, mwalimu anayewapeleka sokoni na kumwambia mgeni aonyeshe samaki anayemtaka amemtwika tendo ambalo mwalimu mwenyewe, akiwa muumini, huenda angeliepuka siku ya sila, zile siku nne za mwezi ambazo wazee huvaa nyeupe na kushinda pagodani. Haki ingekuwa amweleze mgeni habari hiyo kabla ya kunyoosha kidole, kisha amwachie uamuzi. Dakika tano zingetosha.

Asiyetaka ana njia. Anaweza kuomba siku moja kabla kwamba samaki anunuliwe kutoka kwenye barafu, na soko la Kikhmer halitamshangaa. Anaweza pia kuomba amok ya uyoga au ya tofu, ambayo walimu wengi huifundisha bila tatizo. Lakini aulize mapema kuhusu prahok na mchuzi wa samaki, kwa sababu wapishi wengi huviona kuwa viungo tu, kama chumvi, na hutia kijiko kwenye chungu cha asiyekula samaki bila kufikiri kwamba wametia samaki.